Tusipambe Kaburi Tukaiacha Njia



Mkristo wa Majengo, mjini Sumbawanga, akikusudia kuwapeleka watoto wake wakaone mahali alipopita Mwalimu Julius Nyerere, hana budi kuweka akiba ya nauli kwa muda mrefu. Kutoka Ufipa hadi Butiama ni mwendo mkubwa, kwa njia ya Mpanda, Tabora na Mwanza. Je, gharama hiyo yafaa? Yafaa sana, mradi tujue twaenda kutafuta nini.

Tabora wataiona shule aliyoingia mwaka 1937, na mji aliorudi kufundisha katika shule ya St Mary's baada ya Makerere. Karibu na Musoma iko misheni ya Nyegina, alikobatizwa tarehe 23 Desemba 1943. Hakubebwa na mama kwenda kubatizwa. Alikwenda kwa miguu yake, kijana wa miaka 21, kwa hiari yake. Butiama wataona makumbusho, na kaburi alimozikwa Oktoba 1999.

Naye atakayejaliwa siku nyingine kufika Dar es Salaam asiache kupanda Pugu. Huko, Machi 1955, Mwalimu alitakiwa kuchagua: kufundisha au siasa. Alikuwa na jamaa ya kulisha; hata hivyo akauacha mshahara wake, akashika kazi ya kuwatumikia wenzake.

Bwana wetu aliwakemea watu waliojenga na kupamba makaburi ya manabii, hali mwenendo wa manabii wameukataa. Nasi twaweza kupiga picha kando ya kaburi la Butiama, kisha turudi Majengo tudai hongo ofisini, tupunje mizani ya mahindi sokoni, tumnyang'anye mjane shamba lake. Hapo nauli yetu imepotea bure.

Tangu mwaka 2005 Mwalimu anaitwa Mtumishi wa Mungu. Kanisa halijamtangaza Mtakatifu. Basi kaburini tumwombee, na heshima ya hadhara ipasayo watakatifu tungoje hukumu ya Kanisa. Lakini kuiga uaminifu wake hakungoji hukumu yo yote.

Asiye na nauli asihuzunike. Jioni, baada ya rozari, awaulize watoto wake: "Pale Pugu, wewe ungaliacha nini kwa ajili ya wenzako?" Nanyi wazazi, jibuni kwanza, watoto wakisikia.