Sanduku la Tatu

Mwaka 1960 mwanahisabati wa Uswisi, Ernst Specker, alichapisha makala kuhusu mantiki ya mambo yasiyoweza kuamuliwa kwa pamoja, na ndani yake akaweka hadithi. Mwaguzi wa Ashuru hakutaka kumwoza binti yake. Kila mposaji alionyeshwa masanduku matatu, akatakiwa kutabiri lipi lina kito na lipi tupu. Kwa kuwa masanduku ni matatu na majibu ni mawili, lazima atabiri kwamba angalau mawili yanafanana. Hayo mawili yakafunguliwa: moja lina kito, jingine halina. Ikawa hivyo kwa kila mposaji, miaka na miaka, mpaka binti mwenyewe akafungua mawili ambayo kijana mmoja alisema hayafanani. Wakaoana. La tatu lilikataa kufunguka.

Masanduku ya namna hiyo hakuna aliyeyapata, hata kwenye kwanta. Lakini mwaka 1967 Specker na Simon Kochen walithibitisha jambo la jamii hiyo: huwezi kuipa chembe majibu ya maswali yote kabla haijaulizwa, ikiwa unataka kila jibu lisitegemee maswali mengine yanayoulizwa pamoja nalo. Tatizo si ujinga wetu wa kutojua kilichomo sandukuni. Hakuna orodha ya yaliyomo.

Garrett Birkhoff na John von Neumann walikuwa wameligusa mwaka 1936. Nikisema mtumbwi umewasha taa na unaelekea Katonga au Ujiji, nimesema pia kwamba ama umewasha taa na unaelekea Katonga, ama umewasha taa na unaelekea Ujiji. Kwa elektroni, walisema, kanuni hii haishiki. Hilary Putnam akaona basi tubadili mantiki yenyewe, kama tulivyobadili jiometri. Baadaye akaachana na wazo hilo, na nadhani alifanya vyema.

Kinachonikera ni kwamba Bangwe, rasi iliyo kati ya Kigoma na Ujiji, swali la sanduku huulizwa watu. Wewe ni wa huku au wa ng'ambo? Weka alama kwenye kisanduku. Anayeulizwa huenda ana babu aliyevuka kutoka Kongo, bibi Muha, na wajomba waliobaki upande wa pili. Mpaka umepita katikati ya ziwa. Watu waliendelea kuvuka kuuza samaki na kuoa. Mwaka 1916 Wabelgiji waliiteka Kigoma, wakakaa hadi 1921. Mzee aliyezaliwa miaka ile alikuwa wa nani?

Mtu si elektroni, najua. Yapo majibu yanayoyumba kwa sababu ni uongo, na fizikia haimpi yeyote ruhusa ya kudanganya. Tena bila jibu hakuna kitambulisho, na bila kitambulisho hata laini ya simu ni shida. Serikali haiwezi kuishi na sanduku lisilofunguka. Ila anayeuliza asijifanye amekuta tu kilichokuwamo.

Jaribu kubadili mpangilio. Muulize mtu kwanza babu yake alizaliwa wapi, kisha kwao ni wapi. Mwingine muulize kwanza babu yake amezikwa wapi. Huyu wa pili ataanza na kaburi analolipalilia yeye mwenyewe, hapa hapa, na swali la kwao litamkuta amesimama kando yake. Fomu nilizowahi kuziona zote huanza na kuzaliwa.