Je, Kesi Isiyosikilizwa Huisha?

Msomaji, mimi si mwanasheria. Shule yangu iliishia kidato cha nne, na siku hizi naandika riwaya ambayo haiishi. Lakini kuna swali limenikaa kichwani tangu utotoni, na leo nimeona nilimwage hapa mbele ya vijana wenzangu: je, ni haki kumnyima mtu mahakama ili wengine wakae kwa amani?

Swali lenyewe nimelikuta shambani. Kule kwetu Singida babu yangu ana shamba la ekari nne. Alizeti ya shamba hilo ndiyo iliyonilipia ada. Katikati pana mwembe mkubwa. Nilipokuwa mdogo, kila mwaka baada ya mavuno alikuwa anakuja mzee mmoja kutoka ng'ambo ya kijiji. Anapiga hodi, anasalimiana na Babu, anapewa kigoda. Halafu anakwenda kusimama chini ya ule mwembe peke yake, kitambo kizima. Siku moja nikauliza, "Babu, yule mzee anatafuta nini pale?" Akanijibu bila kunitazama, "Ule mwembe kaupanda yeye, mjukuu wangu."

Basi bwana, nikaelewa. Shamba letu lilikuwa lake.

Wala Babu hakuiba. Mwishoni mwa 1973 serikali ilitoa amri kwamba hadi mwisho wa 1976 watu wote wa mashambani wawe wanaishi katika vijiji. Ndiyo hiyo Operesheni Vijiji. Babu alihamishwa, akaliacha shamba la baba yake, akagawiwa hili. Mzee wa mwembe naye akaambiwa shamba lake sasa ni la mwingine. Wote wawili hawakuulizwa.

Miaka ya 80 baadhi ya watu walionyang'anywa walianza kwenda mahakamani, hasa mkoani Arusha, na wapo walioshinda. Ndipo mwaka 1992 ikapitishwa Sheria Namba 22. Sheria ile ilifuta haki za kimila za ardhi zilizokuwepo kabla ya operesheni, ikakataza fidia kwa kupoteza haki hizo, na ikakomesha kesi zilizokuwa mahakamani. Wahenga walisema asiyekuwepo na lake halipo. Hapa mtu alikuwepo kabisa, ila sheria ikasema hayupo!

Baba mmoja na mwanawe wa kijiji cha Kambi ya Simba, Mbulumbulu, hawakukubali. Walikuwa wameshinda kesi waliyoifungua mwaka 1987, na rufaa ya wapinzani wao ilikuwa bado Mahakama Kuu. Wakaishitaki sheria yenyewe. Desemba 1994 Mahakama ya Rufani, chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali, ilisema haki ya kimila ya mkulima ni mali inayolindwa na Ibara ya 24 ya Katiba. Kuifuta bila fidia ya haki, na kumfungia mwenyewe mlango wa mahakama, kunapingana na Katiba. Jaji Mkuu alionya kwamba tukisema haki za kimila si mali, Watanzania wengi watakuwa kama wavamizi tu katika nchi yao wenyewe.

Sasa hapa ndipo ninapobanwa. Baba yangu mdogo huniambia, "Wewe unashangilia nini? Yule mzee angekwenda mahakamani, wewe ungesoma kwa alizeti ipi?" Na hoja yake si ya kipuuzi. Watu waliogawiwa mashamba walijenga, wakazaa, wakazika wazazi wao pale. Ukiwang'oa, unatibu dhuluma moja kwa kutenda nyingine. Hata Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 ilithibitisha ugawaji uliofanyika tangu mwanzo wa 1970 hadi mwisho wa 1977. Kwa maneno mengine, sheria iko upande wa Babu.

Nimekubali. Lakini hebu tutenganishe mambo mawili ambayo watu huyachanganya: kumrudishia mtu shamba, na kumsikiliza. Mahakama ingeweza kumsikiliza mzee wa mwembe ikamwambia, "Umechelewa," maana sheria ya ukomo humpa mtu miaka 12 tu kudai ardhi. Ingeweza kuamua kwamba Babu abaki, na mzee alipwe na aliyemhamisha. Ingeweza hata kumwambia hana haki kabisa. Angalau angejua sababu, na jina lake lingeandikwa mahali.

Isitoshe, aliyechukua shamba lake hakuwa Babu. Ilikuwa serikali. Na aliyeandika sheria ya kufunga kesi ni nani? Ni hiyo hiyo serikali! Mtu akikuchukulia mbuzi, halafu akasema kuanzia leo ni marufuku kuulizia mbuzi, hiyo utaiita amani? Mimi naiita kimya. Amani ni pale watu wawili wanapomaliza maneno. Kimya ni pale mmoja anapozibwa mdomo, na mwingine anaishi akisikiliza hodi ya kila mwaka.

Siku hizi milango ni mingine. Kwa Sheria ya Mahakama za Utatuzi wa Migogoro ya Ardhi ya 2002, hakimu wa Mahakama ya Mwanzo au ya Wilaya hana mamlaka ya kawaida juu ya migogoro ya ardhi. Liko Baraza la Kijiji, lipo la Kata, lipo Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, kisha Mahakama Kuu na Rufani. Tangu 2021 Baraza la Kata linasuluhisha tu, haliamui. Sina ugomvi na majina ya vyombo. Nauliza tu: bibi mwenye jembe moja anaifikiaje wilaya bila nauli? Mlango uliofungwa na mlango ulio mbali, kwa asiye na kitu, vinafanana sana.

Mzee wa mwembe alifariki miaka miwili iliyopita. Baada ya mazishi nilimwuliza Babu: kama mzee angekuita barazani, ungekwenda? Alikaa kimya muda mrefu, mpaka nikadhani nimemkosea adabu. Kisha akasema, "Ningeogopa sana. Lakini ningekwenda nikaseme kwamba ule mwembe ni wake."

Mzee ameacha mjukuu wa rika langu. Mwaka huu baada ya mavuno hakuja mtu. Nafikiri safari hii ni zamu yangu kwenda kupiga hodi kwao, ingawa sijajua nitaanza na neno gani. Ungekuwa wewe, msomaji, ungesemaje?