Miti ya Ukingo wa Mto na Amri ya Saba

Kitabu cha Mwanzo, kabla ya kusimulia kuumbwa kwa Eva, chataja mto uliotoka Edeni ili kuinywesha bustani. Naye nabii Ezekieli aliona maji yakitoka chini ya kizingiti cha Hekalu, na miti ya kila namna imesimama ng'ambo hii na ng'ambo ile. Matunda yake yalikuwa chakula, majani yake dawa, na popote maji hayo yalipofika samaki walikuwa wengi sana. Wakristu wengi husikia masomo hayo kanisani kama mapambo ya maneno. Lakini mkulima wa Kivu na ayasikie kama mkulima. Nabii aliweka miti, mto na samaki pamoja, na mtu akiuchunguza mto ataona ya kuwa hakukosea.

Tazameni kijito kipitacho chini ya miti. Maji yake ni baridi, kwa sababu jua haliyafikii. Na maji baridi hubeba hewa nyingi kuliko maji ya moto, hewa ile ile ambayo samaki huivuta kwa matamvua yake. Majani hudondoka mchana na usiku. Wadudu wadogo wa majini huyatafuna, samaki huwala wadudu, na mtoto wa kijiji humvua samaki. Katika kijito chembamba cha msituni sehemu kubwa ya chakula huanzia katika majani hayo makavu, kwa maana penye kivuli kizito mimea ya majini haioti sana. Basi anayefyeka miti ya ukingoni amefunga ghala la samaki, ingawa mkono wake haukumgusa samaki hata mmoja.

Chini ya ardhi kazi ni kubwa zaidi. Mizizi huushika ukingo usibomoke. Mvua ikinyesha kilimani, maji hutelemka pamoja na udongo wa shamba na samadi; yakifika penye miti, vichaka na majani yaliyooza, hupunguza mbio zake. Udongo hutua, mizizi hunyonya mbolea iliyozidi, na sehemu ya maji huzama. Mahali palipofyekwa, mambo hayo yote huingia mtoni kwa siku moja, na kutoka mtoni huingia ziwani. Uchunguzi juu ya ziwa Tanganyika uliochapishwa mwaka 1993 ulionyesha ya kuwa pale ambapo vilima vimekwisha fyekwa na matope mengi yashuka majini, aina za samaki ni chache kuliko pale ambapo misitu ingali imesimama. Matope hufunika mawe, na samaki wengi wa ziwa lile huishi, hula na kuzaa kati ya mawe.

Siku ya Alhamisi, tarehe 4 Mei 2023, mvua kubwa ilinyesha katika milima ya Kalehe, Kivu ya Kusini. Mito ikafurika, ikatupa matope na mawe juu ya Bushushu na Nyamukubi, kando ya ziwa Kivu. Maiti zaidi ya 400 zilipatikana, na watu wengine wengi hawakuonekana tena. Miaka mitatu kabla yake, katika Aprili 2020, mto Mulongwe ulikuwa umeingia katika nyumba za Uvira.

Katika misiba ya namna hiyo hawakosi watu wasemao ya kuwa Mungu amewaadhibu wakosefu. Bwana wetu Yezu Kristu alitaja habari za watu 18 walioangukiwa na mnara wa Siloamu, naye alikataa kabisa kusema ya kwamba walikuwa wakosefu kuliko wengine wa Yeruzalemu. Basi asithubutu mtu yeyote kuhubiri hivyo juu ya makaburi ya Kalehe. Tena yafaa kusema kweli yote: ukanda wa miti peke yake haungaliweza kuzuia mlima unaoporomoka. Mvua ilikuwa kali mno, miteremko ya huko ni mikali, na nyumba nyingi zilikuwa zimejengwa pale pale ambapo mto hutupa mawe yake. Walakini kati ya sababu zilizotajwa, kufyekwa kwa vilima kulikuwamo. Naye Yezu, baada ya kuwaondolea wafu lawama, aliwageukia wazima akawataka watubu.

Watubu nini? Mkristu aliyekata miti ya ukingoni husema: «Shamba ni langu, mti ni wangu, nimechoma makala nipate karo ya watoto. Nimemwibia nani?» Swali hilo si la ukaidi; ni swali la mtu mnyofu, nalo lastahili jibu. Katekisimu ya Kanisa Katoliki ya mwaka 1992, katika fungu la 2415, yaiweka heshima kwa viumbe chini ya amri ya saba, ile ikatazayo kuiba, kwa kuwa mali ya dunia imekusudiwa watu wote, hata wale ambao hawajazaliwa bado. Mwenye shamba ni mwenye mti, lakini si mwenye maji. Maji hupita. Mama achotaye chini ya kilima ana haki juu yake, ijapokuwa jina lake halimo katika karatasi ya shamba lolote. Hata serikali iliona hivyo: sheria ya misitu ya Congo ya tarehe 29 Agosti 2002 iliweka katazo la kufyeka msitu kwa mita 50 kila upande wa mto, na kwa mita 100 kuizunguka chemchemi.

Je, ni jambo la kuungama? Dhambi hutaka ujuzi na hiari. Asiyejua hahukumiwi kama ajuaye. Ndiyo sababu mwalimu wa dini aliyejua akanyamaza aweza kuwa na hatia kubwa kuliko yule aliyeshika panga.

Hata hivyo ugumu wenyewe haujafikiwa. Yuko mjane ambaye shamba lake lote ni kipande kimoja bondeni, na mita 50 zakimeza chote pamoja na muhogo wake. Kumwambia «Acha ukingo» ni kumwambia «Acha kula». Bwana wetu aliwakemea vikali watu wafungao mizigo mizito na kuwatwika wengine mabegani, wao wenyewe wasiiguse hata kwa kidole. Basi wasianze na mjane. Waanze wenye mashamba makubwa. Na kama parokia ina shamba mtoni, lianze shamba la parokia, watu wote wakitazama. Mjane na atafutiwe kipande kingine juu kidogo, au wakubaliane naye kwa ukanda ule autakao yeye: matete ya kulisha mbuzi upande wa shamba, na miti ya asili karibu na maji. Ukanda mwembamba wa nyasi nzito hukamata udongo mwingi, bali penye mteremko mkali sharti uwe mpana zaidi.

Neno moja juu ya kalitusi, kwa sababu watu huipenda, na misheni nyingi ziliipanda zamani kwa nia njema. Hukua upesi, hufaa kwa mbao na kuni. Lakini hunywa maji mengi, na chini yake mara nyingi udongo huwa mtupu. Mahali pake ni mbali na chemchemi. Mkuyu, ule mti aliopanda Zakayo, wafaa zaidi. Ndege hula matunda yake, na mizizi yake hushika ardhi.

Mvua za Septemba zikianza, shirika la kijiji na lichague chemchemi moja tu, ile wachotapo watoto wa shule. Miche ipandwe mara udongo unapolowana, mbuzi wafungwe mpaka miti iwapite kimo, na kila familia ichunge miche yake katika kiangazi cha kwanza. Na kama mistari ya maharage ya mjane imeingia katika ukanda, wakati wa mavuno wenzake wamjazie maharage yaliyopungua, wakiyapima kwa kikapu kile kile alichozoea kuvunia.