Mfumo Umekataa

Bibi alirudi Izimbya kutoka mjini bila hela zake. Dirishani aliambiwa mfumo umekataa kusoma vidole vyake. Jioni, tukimenya ndizi, akaniuliza huo mfumo ni nani.

"Ni kompyuta, bibi. Ni kama ubongo, ila wa chuma."

"Kumbe unamzidi karani akili?"

Nilicheka, kisha nikaona aibu. Mwaka 1946 Lord Mountbatten alizisifu hadharani mashine za mwanzo kuwa ubongo wa elektroniki. Douglas Hartree, mwanahisabati aliyekuwa amezitumia mwenyewe, aliliandikia gazeti la The Times kupinga: mashine hufanya lile tu iliyoagizwa, na kufikiri kunabaki kwa binadamu. Mwaka 1951 wote wawili, yeye na Alan Turing, walizieleza mashine hizo kwenye redio ya BBC, na Turing hakuona ubaya wa kuziita ubongo.

Darasani niko upande wa Turing. Lakini yeye hakuwa akizungumza na mtu aliyenyimwa hela yake. Mwenye ubongo anaweza kukataa. Hapa hakuna aliyekataa. Kuna mtu aliyeagiza kwamba kidole kisiposomeka, hela isitoke, wala hakuwafikiria waliosuguliwa vidole na jembe. Mfano wangu ulimficha mtu huyo.

Asubuhi nilimweleza upya: ni kama kibarua, hufanya alichotumwa, haongezi lake.

"Aliyemtuma anakaa ofisi gani?"

Sikujua. Bibi alikuwa ameshajifunga kitenge cha safari.