Jumla Ni Kiasi Gani? Fikra Juu ya Mkopo wa Nyumba na Maana ya Kuahidi

Ndugu walimu wenzangu, ipo methali ambayo kila mmoja wetu amewahi kuiandika ubaoni: Dawa ya deni ni kulipa. Wanafunzi huikariri upesi, nasi huwapa alama zao, na somo likaishia hapo. Lakini je, mtu atalipaje deni asilolijua ukubwa wake? Na akiitia sahihi ahadi ambayo hajaielewa, tuseme kweli ameahidi, au tuseme ameitikia tu, kama mtoto anayeitikia salamu kwa lugha asiyoijua?

Swali hili halikunijia kutoka vitabuni. Gitega ilipofanywa makao makuu ya kisiasa ya nchi yetu kwa sheria ya mwaka 2019, nilikuwa nimekwisha kuhamia huko kutoka Muyinga, nikikaa katika nyumba ya kupanga. Ofisi zilipoanza kuhamia, watu nao wakazifuata, na kodi ya nyumba yangu ikapanda. Nikaona vema nijenge. Kiwanja kidogo nilikuwa nacho. Fedha sikuwa nazo. Mwaka 2020 benki moja ilikubali kunikopesha faranga 10,000,000 kwa muda wa miaka 15, kwa sharti kwamba niweke rehani nyumba iliyokwisha kujengwa. Nyumba ya namna hiyo ilikuwa moja tu katika ukoo wetu: ile ya Muyinga, aliyotuachia marehemu baba, ambamo mama anaishi hadi leo.

Basi nikashika njia ya Karuzi kwenda Muyinga, karatasi zangu zikiwa mkobani. Nilimkuta mama barazani akichambua maharage. Nikamweleza habari za kiwanja, za matofali na mabati, na jinsi benki itakavyokata mshahara wangu faranga 120,017 kila mwezi. Mama hakusoma shule, lakini kwa miaka mingi aliuza maharage sokoni, na sijapata kumwona akipima kibaba bila kujua gunia limebaki na vibaba vingapi. Alinisikiliza hadi mwisho, kisha akasema:

“Mwanangu, hiyo ya kila mwezi nimeisikia. Jumla ni kiasi gani?”

Sikuwa na jibu. Mimi mwenye diploma ya ualimu nilikuwa nimekuja kuomba nyumba ya mama yangu kwa hesabu ambayo sikuifanya.

Tuifanye sasa pamoja, maana haihitaji zaidi ya kalamu na subira. Nitatumia riba ya asilimia 12 kwa mwaka, kwa kuwa hugawanyika vizuri kwa miezi 12. Kila mkopeshaji ana kiwango chake, na msomaji ataweka tarakimu zake mwenyewe. Faranga 120,017 mara miezi 180 ni 21,603,060. Mtu amekopa milioni 10. Atarudisha milioni 21 na zaidi. Kwa maneno mengine, atajenga nyumba moja na kulipia mbili. Na hapo bado hatujahesabu malipo ya kuandaa faili, ya mthamini, ya notari, wala ya bima.

Lakini jumla hiyo siyo yote yaliyofichika. Mwezi wa kwanza riba peke yake ni faranga 100,000, yaani asilimia 1 ya deni zima. Katika zile 120,017, zinazopunguza deni lenyewe ni 20,017 tu. Mwezi unaofuata deni limepungua kidogo, basi riba nayo imepungua kidogo, na mwendo ni huo huo. Mkopaji akilipa miaka 5 bila kukosa hata mwezi mmoja, atakuwa ametoa faranga 7,201,020. Aulize basi deni limebaki kiasi gani, naye ataambiwa limebaki zaidi ya 8,365,000. Ametoa milioni 7, na deni limepungua kwa milioni 1 na laki 6 hivi. Ni katika mwaka wa 10 tu ndipo sehemu inayokwenda kwenye deni huanza kuizidi ile inayokwenda kwenye riba.

Asitokee mtu akasema kwamba huu ni wizi. Riba hutozwa juu ya fedha ambazo bado ziko mikononi mwa mkopaji, na mwanzoni karibu zote ziko mikononi mwake. Fedha hizo nazo ni za watu: za mfanyabiashara aliyeweka akiba, za mjane aliyeuza shamba. Anayekopesha kwa miaka 15 anabeba hatari ya miaka 15. Hesabu ni ya haki katika umbo lake. Kinachotuhusu ni kama aliyetia sahihi aliiona.

Wala nisiwe mwepesi wa kulaumu mikopo, maana iko hoja nzito upande wa pili. Anayepanga naye hulipa kila mwezi, na baada ya miaka 15 hana hata tofali moja. Tena, faranga ya mwaka wa mwisho siyo faranga ya mwaka wa kwanza. Mnamo Mei 2023 faranga yetu ilishushwa thamani sana mbele ya dola kwa uamuzi wa Benki Kuu, na katika mwaka huo bei za vitu zilipanda kwa kiasi ambacho kila mwenye kwenda sokoni anakikumbuka. Aliyekuwa na deni lenye malipo yasiyobadilika aliona jambo la ajabu: deni lake halikupanda pamoja na saruji na mabati. Aliyekuwa akiweka akiba ili ajenge baadaye aliona bei zikimkimbia mbele. Kwa hiyo yule anayetaja milioni 21 akanyamaza, naye hajasema kweli yote. Lakini kupanda kwa bei humsaidia mkopaji pale tu mshahara wake unapopanda nao. Ukibaki palepale, benki hukata kilekile, soko hudai zaidi, na nyumba hulipiwa kwa sahani za watoto.

Hapa ndipo ninapoliona swali lenyewe. Gharama ya kweli ya mkopo wa nyumba haiandikwi kwa faranga peke yake. Ni miezi 180 ya maisha, na katika kila mwezi kuna mambo ambayo hayatafanyika: karo iliyochelewa, safari ya matanga iliyoahirishwa, ndugu aliyekuja kuomba msaada akarudi mikono mitupu. Wahenga walisema kukopa harusi, kulipa matanga. Mtu anayeahidi kwa miaka 15 anaahidi kwa niaba ya mtu ambaye bado hajawa yeye: mzee kidogo, pengine mgonjwa, pengine mwenye watoto zaidi. Kumwahidia mtu huyo bila kumhesabia ni kumdhulumu, ingawa mtu huyo ni wewe mwenyewe.

Wazee wetu waliijua ahadi isiyo na jumla. Katika Burundi ya zamani ulikuwako ubugererwa, ambapo mtu asiye na ardhi alikaa katika ardhi ya mwingine, naye akalipa kwa kazi ya mikono yake na kwa sehemu ya mavuno. Ubaya wake ulikuwa zaidi ya uzito wa kazi, haukuwa na siku ambayo mtu angesema, “Leo nimemaliza.” Ubugererwa ulifutwa kwa sheria mwaka 1977. Mkopo wa benki ni kitu kingine, kwa sababu una mwisho ulioandikwa. Lakini kwa mkopaji asiyejua jumla mwisho huo ni kama haupo. Analipa kwa sababu mwezi umefika, na mwezi mwingine utafika.

Jambo zito zaidi ni rehani. Neno hili tumelipata kutoka Kiarabu, na maana yake ni mali iliyoshikwa hadi deni lilipwe. Waingereza walirithi kutoka Kifaransa cha kale neno lenye maana ya “rehani mfu”. Katika karne ya 17 mwanasheria wao Edward Coke alilieleza hivi: deni likilipwa, rehani imekufa kwa mkopeshaji, lisipolipwa, ardhi imekufa kwa mkopaji. Kwa upande wangu, mali ambayo ingekufa ilikuwa baraza la mama yangu. Je, ninayo haki ya kuweka rehani paa la mtu mwingine, hata akiwa ni mzazi anayenipenda na asiyeweza kuninyima? Nadhani haki hiyo hutoka kwake peke yake, naye hawezi kunipa kabla hajajua anachonipa. Ridhaa ya asiyejua siyo ridhaa; ni huruma tu, na huruma ya mzazi haifai kutumiwa kama hati.

Dini zetu zililitazama jambo hili zamani. Aya iliyo ndefu kuliko zote katika Qurani, aya ya 282 ya sura ya al-Baqara, ni aya ya deni: inaamuru deni la muda liandikwe, mwandishi awe mwadilifu, na mashahidi wawepo. Torati ya Musa ilimkataza mkopeshaji kulala na nguo aliyoipokea rehani kwa maskini. Sharti airudishe kabla jua halijatua. Na katika mauzo yaitwayo murabaha, ambayo benki zinazofuata sheria ya Kiislamu huyatumia ili kuepuka riba, benki hununua kitu na kumwuzia mteja kwa bei ya juu inayotajwa siku ya mapatano. Anaweza kuiona ghali, lakini jumla anaijua siku ileile. Nadhani hata asiye na dini atakubali kwamba hapo pana hekima.

Na sisi walimu wa lugha tunahusikaje? Tunahusika sana. Mikataba ya mikopo nchini mwetu huandikwa kwa Kifaransa, na wengi wanaoitia sahihi hufikiri kwa Kirundi au hufanya biashara zao kwa Kiswahili. Kiswahili kina maneno yote yanayohitajika: mkopo, riba, rehani, dhamana, mthamini, masalio ya deni, jumla ya malipo. Hayakosekani katika kamusi, yanakosekana katika vichwa vya watu siku wanapokaa mbele ya meza ya mkopeshaji. Mwanafunzi akimaliza darasa anaweza kueleza ngeli ya KI-VI, lakini hawezi kueleza tofauti kati ya riba inayotozwa juu ya mkopo wote na riba inayotozwa juu ya deni lililobaki. Tunamfundisha kwamba mali bila daftari huisha bila habari, lakini hatumfungulii daftari lenyewe. Saa moja ya ufahamu wa habari ingetosha: walimu tuandike mkataba mfupi wa kubuni, na wanafunzi waulize ni nani anaahidi, anaahidi nini, hadi lini, riba inaweza kubadilika au la, na jumla ni kiasi gani.

Nilirudi Gitega siku ya pili, nikaenda benki nikaomba orodha ya malipo yote, mwezi kwa mwezi. Kijana aliyenihudumia aliitoa mara moja, bila chuki. Alisema ni wachache wanaoiomba. Nikaisoma usiku kucha pamoja na mke wangu. Tuliona kwamba mkopo uleule ukilipwa kwa miaka 10 ungetutoa faranga 143,471 kila mwezi, yaani zaidi kwa 23,454, lakini jumla ingeshuka kwa zaidi ya milioni 4. Tukaona pia kwamba hatukuwa na hizo 23,454. Hapo ndipo tulipoelewa kwamba nyumba tuliyoiota ilikuwa ya mtu mwingine mwenye mshahara mwingine.

Tukakopa kidogo zaidi, kwa mkopeshaji mwingine aliyekubali kiwanja cha Gitega na dhamana ya mshahara, kwa miaka 10. Tulijenga vyumba viwili na sebule, na kuta za sebule hazijapigwa lipu hadi leo. Mwaka 2023 tulikula maharage siku nyingi kuliko tulivyopenda. Hata hivyo, ukutani pana karatasi yenye safu za miezi, na kila mwezi mwanangu wa kwanza hupiga mstari juu ya safu moja. Safu ya mwisho imeandikwa 2030, naye anaijua.

Nilipokwenda tena Muyinga nilimpelekea mama jumla, kama alivyouliza. Alirudia tarakimu ile mara mbili, polepole, kama anayepima. Kisha akauliza kama nyumba yake imo. Nikamwambia haimo. Akasema, “Ungeniambia hivi siku ile, ningekubali iwemo.”

Nimelifikiri neno lake mara nyingi tangu siku hiyo. Mama hakuogopa kulibeba deni la mwanawe; alichotaka ni kuambiwa uzito wake kabla hajalibeba. Nawaachia wenzangu swali lake, wakaliandike ubaoni chini ya ile methali ya kulipa, ili wanafunzi wetu wajifunze kuuliza kabla ya kutia sahihi: jumla ni kiasi gani, na ni nani mwingine atakayeilipa?