Ng'ombe wa Kukopeshwa na Nyumba ya Rehani

Kabla ya noti na hati kufika katika nchi ya Mbulu, watu walikuwa wakikopeshana ng'ombe. Kata ya Masieda na zile zinazoizunguka ni nchi ya Wairaqw na Wadatoga, na desturi yao inafanana: mwenye mifugo mingi humpelekea mwenye michache ng'ombe jike akae naye. Mtunzaji hunywa maziwa, na samadi huitia shambani kwake. Ndama ni wa mwenye mali, ingawa mtunzaji mwema haachwi mikono mitupu. Ng'ombe akifa kwa ugonjwa au ukame, mtunzaji hupeleka habari na ngozi, na hadaiwi ng'ombe mwingine. Hasara humrudia mwenye mali kwa njia ileile ambayo ndama humrudia.

Ndani ya desturi hiyo limo jibu la swali ambalo dini na falsafa zimehangaika nalo kwa maelfu ya miaka. Mtu anapompa mwenzake mali aitumie leo na kuirudisha baadaye, nani abebe yatakayotokea katikati?

Siku hizi swali hilo linaulizwa kwa uzito zaidi kuhusu nyumba. Kijana aliyesoma shule za Mbulu, akaajiriwa Babati, Arusha au Dodoma, hukutana na tangazo la mkopo wa nyumba wa miaka 15, 20, hata 25. Anaonyeshwa rejesho la mwezi, analilinganisha na mshahara wake, anaona linaingia. Bei nzima ya nyumba ile, kuanzia siku ya kutia saini hadi siku ya rejesho la mwisho, ni nadra kumfikia akiwa bado na nafasi ya kusema hapana.

Mkopo wa aina hii bado ni mgeni Tanzania. Benki ya Nyumba Tanzania, iliyoundwa mwanzoni mwa miaka ya 1970, ilianguka mwaka 1995, na kwa zaidi ya miaka 10 pengo lake halikuzibwa. Mwaka 2008 Bunge lilipitisha sheria ya mikopo ya nyumba pamoja na ile ya kumiliki sehemu ya jengo, na mwaka 2010 ikaundwa kampuni ya TMRC ili kuzipa benki fedha za muda mrefu. Hata hivyo, katika nchi ambayo sensa ya 2022 ilihesabu watu zaidi ya milioni 61, waliojenga au kununua kwa njia hiyo ni maelfu machache tu. Wengi wa waliobaki hujenga kama wanavyojenga Masieda: msingi mwaka huu, boma mwakani, kupaua alizeti ikiuzika vizuri, madirisha yakingoja mavuno mengine.

Tuchukue mwalimu wa kufikirika anayekopa shilingi milioni 50 kwa riba ya asilimia 17 kwa mwaka, inayopigwa kwa salio linalopungua, kwa miaka 20. Riba hiyo iko katikati ya viwango vya asilimia 15 hadi 19 ambavyo ripoti za Benki Kuu kuhusu mikopo ya nyumba zimekuwa zikivitaja katika miaka ya karibuni. Rejesho lake ni takriban shilingi 733,400 kila mwezi. Zidisha kwa miezi 240, unapata shilingi milioni 176. Nyumba moja ameilipia zaidi ya mara tatu, kabla ya kuhesabu ada ya mkopo, gharama za wathamini na wanasheria, na bima.

Ndani ya hesabu hiyo kuna jambo gumu zaidi. Katika rejesho la kwanza, shilingi 708,333 ni riba. Deni lenyewe linapungua kwa shilingi 25,000 na kidogo tu. Baada ya miaka 10 mwalimu huyu atakuwa amelipa shilingi milioni 88, na bado atadaiwa zaidi ya milioni 42. Nusu ya ile milioni 50 haimaliziki hadi mwaka wa 17 unapoanza. Mtoto aliyezaliwa wiki ya kutia saini atakuwa amekwisha ingia sekondari huku baba yake akidaiwa zaidi ya nusu ya fedha alizokopa.

Mwalimu huyohuyo akichagua miaka 10, rejesho lake litakuwa karibu shilingi 869,000. Kwa kuongeza 135,600 kila mwezi atalipa jumla ya milioni 104, na kuokoa takriban milioni 72. Wachache huonyeshwa hesabu hizi mbili zikiwa zimewekwa bega kwa bega.

Mtetezi wa benki ana hoja zake, na zisikilizwe. Shilingi ya mwaka wa 20 haitakuwa na nguvu ya shilingi ya leo, nyumba yaweza kupanda thamani, na mwalimu ameepuka kodi ya pango kwa miaka yote hiyo. Ni kweli. Lakini mfumuko wa bei nchini umekuwa asilimia 3 hadi 5 kwa miaka kadhaa sasa. Kati ya hapo na asilimia 17 kuna pengo ambalo kushuka kwa thamani ya fedha hakuwezi kulijaza. Benki nayo ina gharama zake: akiba inazolipia, wakopaji wanaoshindwa, kesi zinazochukua miaka. Gharama hizo zinaeleza riba imetoka wapi. Swali la haki linabaki palepale.

Mwanafalsafa Aristotle alilishughulikia katika kitabu chake cha siasa, zaidi ya miaka 2,300 iliyopita. Kwa Kigiriki neno la riba na neno la mzao ni moja, tokos, na hilo ndilo lililomsumbua: fedha imetengenezwa kwa ajili ya kubadilishana, inazaaje? Mchungaji wa Masieda angemwelewa mara moja. Ng'ombe wa kukopeshwa huzaa kwelikweli. Akizaa, kuna ndama wa kumrudia mwenye mali. Asipozaa, hakuna wa kumdai mtunzaji ndama ambaye hakuwahi kusimama zizini. Shilingi ya mkopo huzaa kila mwezi kwenye karatasi, mvua inyeshe isinyeshe.

Wanateolojia wa Ulaya ya Zama za Kati waliongeza neno la pili: mtoza riba anauza muda, na muda ni wa Mungu. Baadaye makanisa mengi yalilegeza msimamo. Mwanamageuzi wa kanisa, Calvin, alikubali riba yenye kiasi, mradi maskini asikamuliwe. Hata hivyo, anayetazama yale marejesho 240 ataona kuwa wale wa kale hawakukosea kuhusu kinachouzwa. Mwalimu amenunua nyumba kwa miaka yake. Katika miaka hiyo hawezi kuacha kazi inayomdhulumu, hawezi kurudi nyumbani kumuuguza mama bila kuhesabu tarehe ya rejesho, na akipewa nafasi ya kusoma bila mshahara ataikataa. Gharama hizo haziingii kwenye jedwali lolote la benki.

Vitabu vitakatifu vinalitazama jambo hili karibu zaidi kuliko wengi wanavyodhani. Kutoka 22 inakataza kumtoza maskini riba, na inaamuru kwamba joho lililowekwa rehani lirudishwe kabla jua halijatua, kwa kuwa ndilo analojifunika usiku. Mambo ya Walawi 25 inatofautisha nyumba na nyumba. Iliyouzwa ndani ya mji wenye ukuta yaweza kukombolewa kwa mwaka mmoja, kisha imekwenda moja kwa moja. Ya kijijini, pasipo ukuta, inahesabiwa pamoja na shamba: yaweza kukombolewa wakati wowote, na mwaka wa yubile hurudi kwa mwenyewe. Mtunga sheria alijua kwamba kwa mkulima, nyumba na ardhi na uhai ni kitu kimoja.

Katika Nehemia 5 watu wanalia kwamba wameweka rehani mashamba na nyumba zao ili wapate nafaka wakati wa njaa. Nehemia anawakabili wakubwa na kuwataka warudishe vyote, pamoja na ile sehemu ya mia waliyokuwa wakitoza. Wafafanuzi wengi huielewa kuwa ni asilimia moja kwa mwezi, yaani 12 kwa mwaka. Mwalimu wetu anatozwa zaidi ya hiyo.

Uislamu umeiharamisha riba waziwazi, na haukuharamisha deni. Sura ya Al-Baqara ina aya ndefu kuliko zote katika Qurani, na mada yake ni kuandika deni kwa uadilifu mbele ya mashahidi. Kabla yake kuna agizo kwamba mdaiwa aliye katika dhiki apewe muda mpaka apate nafuu. Neno letu rehani linatokana na Kiarabu, na hadithi sahihi zinasimulia kwamba Mtume alifariki deraya yake ikiwa rehani kwa Myahudi mmoja kwa ajili ya shayiri. Kuweka rehani hakukuwa aibu. Kinachoulizwa ni mdaiwa anatendewa nini siku mkono wake unapokauka.

Kwamba jina zuri halitoshi, Zanzibar inashuhudia. Katika karne ya 19 na mwanzoni mwa ya 20, wenye mashamba ya karafuu Unguja na Pemba walikopa kwa wafanyabiashara wa Kihindi kwa mkataba wa bei khiyari. Kwa maandishi, mwenye shamba alimuuzia mkopeshaji, akabaki na haki ya kulirudisha akilipa. Huku nyuma alikaa palepale akilipa kodi, na kodi hiyo ndiyo iliyokuwa riba. Madeni yaliwazidi wengi, hadi mwaka 1934 serikali ya kikoloni ikatunga amri ya kuzuia mashamba yasihamie mikononi mwa wakopeshaji. Herufi ya dini ilikuwa imetimizwa, mzigo ukabaki vilevile.

Kwa sababu hiyo mikataba ya leo isiyo na riba nayo ipimwe kwa kilichomo. Amana, benki ya kwanza nchini kuendeshwa kikamilifu kwa misingi ya Kiislamu, ilianza mwaka 2011. Katika mkataba wa murabaha, benki hununua mali na kumuuzia mteja kwa bei ya juu inayotajwa siku ya kwanza na isiyoongezeka tena. Jumla yake yaweza kukaribia ya mkopo wa riba. Hata hivyo kuna tofauti moja yenye thamani kubwa: bei nzima inawekwa mezani kabla ya saini. Katika ubia unaopungua, benki na mteja humiliki nyumba pamoja, na kwa asili ya ubia kila mmoja huguswa na hasara kwa fungu lake. Hapo tunamkaribia yule ng'ombe wa Masieda.

Hasara ya aina hiyo ilionekana alfajiri ya Jumapili, 3 Desemba 2023, ubavu wa Mlima Hanang ulipoporomoka. Tope, mawe na magogo vilishuka juu ya Katesh na vijiji vya jirani, vikaua watu zaidi ya 80 na kufagia nyumba ambazo familia zilikuwa zimelala ndani. Wengi wa waliopoteza makazi walikuwa wamejenga kwa akiba yao, bati baada ya bati. Serikali na wahisani waliwajengea nyumba mpya eneo la Waret. Fikiria sasa mtu ambaye nyumba yake ingechukuliwa na tope katika mwaka wa saba wa mkopo, bila bima inayotambua maporomoko. Kwa hesabu ya karatasi, ukuta umekwenda na deni limebaki zima, likiendelea kuzaa.

Sheria za Hammurabi za Babeli, zenye umri wa zaidi ya miaka 3,700, zilikuwa na kifungu kwa mtu kama huyo: mdaiwa ambaye mafuriko yameharibu shamba lake au ukame umemnyima nafaka, mwaka huo halipi deni wala riba. Mfalme wa zamani aliona kwamba mkataba unaomwachia mnyonge peke yake hasara ya mbingu umepoteza haki. Wazee wa Mbulu walifikia uamuzi huohuo kwa njia ya ngozi ya ng'ombe.

Pagale linalojengwa kidogokidogo nalo lina gharama yake. Familia inayojenga kwa miaka 12 hulipa pango muda wote huo, hununua bati kwa bei iliyopanda, na huona boma likiliwa na mvua. Kwa mwenye kipato cha uhakika, mkopo mfupi wenye malipo makubwa ya awali waweza kuwa nafuu. Lakini yule anayekimbilia mikopo ya riba kali iitwayo kausha damu ili aezeke kabla ya masika huumia kuliko mwalimu aliyekopa benki.

Sheria ya Tanzania imeweka kinga kadhaa. Nyumba ya ndoa haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenza, na mdaiwa aliyeshindwa hupewa notisi ya siku 60 kabla nyumba haijauzwa. Kanuni za Benki Kuu za 2019 zinawataka watoa huduma za fedha kumweleza mteja gharama kwa uwazi. Kinga hizi zina nguvu kwa anayezijua tu, na mikataba mingi bado huandikwa kwa Kiingereza cha kisheria.

Basi, mume na mke wanaofikiria mkopo wa nyumba waombe mambo matatu yaandikwe kwa Kiswahili kabla ya kushika kalamu: jumla ya shilingi zitakazokuwa zimetoka mkononi mwao hadi siku ya mwisho, salio litakalobaki baada ya miaka 5 na 10, na nani atalipa nini ikitokea ugonjwa, kuachishwa kazi au janga. Wachungaji, mapadri na masheikh wanaofundisha wachumba kabla ya ndoa wanaweza kuyaweka maswali haya katika mafundisho yao. Na mkopeshaji asiyekubali kuyajibu kwa maandishi, msitie saini kwake.