Je, Aliyeokoka Anaweza Kupinga Samansi?

Andiko: Matendo 25:9–12

Kuna swali nimeulizwa zaidi ya mara moja. Mtu ameokoka, ni mkurugenzi wa kampuni, halafu anapokea samansi ya kesi ya jinai, eti kampuni imelaghai watu. Je, ni sawa aende Mahakama Kuu kuomba mashtaka yafutwe? Wengine husema, "Kama huna hatia, unaogopa nini? Nenda ujibu."

Mimi sikubaliani nao. Kabla shahidi wa kwanza hajasimama, jina limeshachafuka, biashara imelala, na watoto wanaulizwa maswali shuleni. Tena ziko kesi ambazo ni ugomvi wa biashara tu. Mtu anadai pesa zake, anaona kesi ya madai itachelewa, anakimbilia polisi ili mwenzake alipe kwa hofu. Ndiyo maana Katiba yetu ya 2010, Kifungu cha 157(11), inamtaka Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma azingatie masilahi ya umma na haja ya kuzuia sheria isitumiwe vibaya. Kama samansi imetoka kwa hila, kuipinga si dhambi.

Mtazameni Paulo. Festo alipomuuliza kama angekubali kuhukumiwa Yerusalemu, alikata rufani kwa Kaisari. Lakini kwanza alisema wazi kwamba kama ametenda jambo linalostahili kifo, hakatai kufa. Alikuwa anakataa hila, hakuwa anaikimbia haki. Na hakujificha. Kwa hivyo ndugu, ukipinga samansi, usiipuuze. Siku uliyoitwa, fika kortini, la sivyo hakimu anaweza kuamuru ukamatwe.

Sasa tuje kwa sehemu ngumu. Mahakama Kuu ikisikiliza ombi kama hilo, kwa kawaida haipimi kama uliiba au hukuiba. Ushahidi huo ni wa korti inayosikiliza kesi yenyewe. Yenyewe huangalia kama sheria imefuatwa na kama mashtaka yanatumiwa vibaya. Kumbe basi unaweza kushinda, samansi ifutwe, na bado akiba ya mjane iko kwa akaunti yako! Jumapili mtakaa benchi moja. Utamwambia nini? "Mama, korti imefuta"? Zakayo hakungoja samansi. Alisimama mwenyewe akaahidi kurudisha mara nne (Luka 19:8).

Kwa hivyo kabla hujatia sahihi hati ya kiapo, jiulize: ninasema mashtaka haya ni ya uongo, au ninasema tu yameletwa vibaya? Kama ni ya uongo, simama imara, Mungu wa haki yuko nawe. Kama unajua kuna pesa za watu, pingamizi lako linaweza kuwa sahihi kisheria na bado uwe na deni mbele za Mungu. Wakili atakuonya kwamba ukilipa utaonekana umekiri. Ni onyo la maana, lisikize. Lakini mwambie wakili huyohuyo atafute njia ya kupatana nao, maana Yesu alitufundisha tupatane na mshtaki tukiwa bado njiani (Mathayo 5:25).

Na sisi tunaobaki kanisani? Kifungu cha 50 kinasema mshtakiwa hana hatia mpaka ithibitishwe, na Nikodemo alishauliza kama sheria humhukumu mtu kabla hajasikizwa (Yohana 7:51). Kumwomba ndugu apumzike kidogo kushika pesa za kanisa si kumhukumu. Kumnyima salamu ndiko kumhukumu. Vilevile, samansi ikifutwa, tusipige vigelegele na kumsahau aliyepoteza akiba yake. Huyo pia ni wetu.

Wiki hii, mtembelee mmoja wao. Bwana awabariki.